Hatukufunga ndoa ila tumeishi miaka kumi na moja: nani anatakiwa athibitishe?

Mama Neema wa Chamazi kaniandikia, barua yake ndefu nimeifupisha: alianza kuishi na baba Neema mwaka 2013 wakiwa wamepanga Tandika, 2017 wakahamia kwao Chamazi kwenye nyumba waliyojenga, watoto wawili. Ndoa hawakufunga. Posa ililetwa, mahari ikalipwa nusu, nusu ikabaki "tutamalizia". Mzee kafariki Oktoba 2024. Ndugu zake wamekaa kikao cha ukoo, muhtasari umeandika "marehemu hakuacha mke", yeye wamemuandika "mzazi mwenzake na marehemu", na mdogo wa marehemu kafungua mirathi mahakama ya mwanzo kwa sheria ya kimila. Alipolalamika wakamwambia lete cheti cha ndoa, alafu chini chini wanasema marehemu alishafunga ndoa kanisani huko Njombe miaka ya nyuma. Swali lake nalinukuu: "Ni mimi natakiwa nithibitishe nilikuwa mke, au wao ndio wathibitishe sikuwa mke?"

Mama Neema, pole kwa msiba kwanza. Jibu la haraka ni kwamba unaanza wewe, ila mzigo unaoanza nao sio huo wanaokubebesha. Wao wanasema cheti. Sheria haijasema cheti tu. Na ukishabeba sehemu yako mzigo unahamia kwao, na hapo ndipo wengi wa aina ya shemeji zako huwa wanaishiwa pumzi maana walijiandaa kukuuliza tu, hawakujiandaa kuulizwa.

Kanuni yenyewe ni ya kawaida kabisa, ukisema kitu ili mahakama ikupe haki kwa kitu hicho basi wewe ndio utoe ushahidi wake. Mawakili wanakitaja kifungu cha 110 cha Sheria ya Ushahidi kwa namba za toleo la 2019. Mahakama ya mwanzo kiukweli haitumii sheria hiyo, ina kanuni zake za ushahidi, Tangazo la Serikali namba 22 la mwaka 1964, ila matokeo ni yale yale: anayedai athibitishe. Na kiwango sio kile cha kesi ya mauaji cha kutoacha shaka. Kwenye mirathi hakimu anaangalia mizani imelalia wapi. Kuna uamuzi wa Mahakama Kuu wa 1984 unaitwa Hemed Said, wanasheria wanaukariri kama sala, unasema wadaawa hawawezi kutoka sare, mwenye ushahidi mzito kuliko mwenzake ndio anashinda. Kwaiyo huhitaji kumaliza kila wasiwasi wa kila mtu ukumbini, unahitaji kuwa mzito kuwazidi wao.

Sasa uthibitishe nini? Hapa ndio kwenye moyo wa swali lako. Sheria ya Ndoa ya 1971 kifungu cha 160 inasema mwanaume na mwanamke wakithibitika wameishi pamoja miaka miwili au zaidi, katika mazingira ambayo watu wanawachukulia kama mume na mke, basi kunakuwa na dhana kwamba walioana kihalali. Dhana hiyo inaweza kupingwa, ila mpaka ipingwe kwa ushahidi, inasimama. Kwaiyo wewe una vitu viwili tu vya kubeba: miaka, na sifa. Hubebi cheti. Hata mahari kutoisha hakukuondoi, kifungu cha 41 cha sheria hiyo hiyo kinasema ndoa haiharibiki kwa sababu ya mambo ya mahari kutotimizwa kimila, wala kwa kutosajiliwa. Ukishabeba hivyo viwili, anayetaka kusema "hawakuwa mke na mume" yeye ndio ainuke alete kitu. "Tunavyojua sisi" sio kitu.

Miaka kwako rahisi. 2013 mpaka 2024, hata wakikukata miaka yote ya Tandika bado unabaki na saba ya Chamazi. Usihangaike sana na hapo.

Sifa ndio kazi. Watu wanadhani ni kuleta mashahidi kumi waseme "alikuwa mke wake", hakimu anasikia sentensi moja mara kumi, haimsogezi popote. Kuna kesi niliwahi kuisimamia, shahidi aliyetubeba alikuwa mjumbe wa mtaa, mzee wa watu, ana daftari lake la michango ya ulinzi shirikishi limekunjika kona. Akaulizwa na upande wa pili, kwa dharau kidogo, wewe ulijuaje hawa ni mke na mume, uliwahi kuona cheti? Mzee akafungua daftari akasema mimi cheti sikagui, mimi nadai elfu mbili kila mwezi, mwenye nyumba akiwa safari namdai mkewe, hapa Machi kalipa mama, hapa Aprili kalipa mama, hapa Mei kalipa mwenyewe, na hakuna siku huyu mama aliniambia kamdai mwenye nyumba mimi mpita njia. Ukumbi ukacheka ila hakimu alikuwa anaandika. Ile ndio sifa: mtu wa nje, hana faida, aliwatendea kama mke na mume bila kujua kuna siku itaulizwa.

Kwaiyo tafuta watu na karatasi za namna hiyo. Kadi za kliniki za watoto zina jina la baba, na kama namba ya simu kaiandika mwenyewe kwa mkono wake ni bora zaidi. Fomu za shule. Bima ya afya kama alikuandikisha kama mwenza, hiyo nzito sana, maana ni yeye mwenyewe akiwa hai anaiambia taasisi kwamba huyu ni mke wangu. Kitabu cha VICOBA ulipokopa na yeye akasaini mdhamini, pale kwenye "uhusiano" kaandika nini? Na msibani: nani alikaa ndani kama mjane, rambirambi alipewa nani, kwenye kipeperushi cha ibada au tangazo la msiba waliandika ameacha mjane na watoto wawili? Mara nyingi ndugu wanaandika hivyo wiki ya msiba wakiwa na machozi, mwezi wa tatu wakishaona nyumba wanasahau waliandika. Wewe usisahau, kitafute hicho kikaratasi.

Ila usilete rafiki yako wa karibu anayejua mambo yenu ya ndani. Rafiki akibanwa atasema kweli, "mwanzo walikuwa wapenzi, baadae wakahamia pamoja", na neno wapenzi likishaandikwa kwenye mwenendo wa kesi utalikuta kwenye hukumu.

Kuhusu posa na mahari nusu, hapa nataka uwe makini kuliko sehemu zote maana ni kisu cha makali mawili. Upande mmoja ni dhahabu: umesema daftari la mahari lipo kwa baba yako mkubwa na huyo huyo shemeji anayeomba usimamizi ndio alikuja kama mshenga na kasaini. Mtu aliyekuja kukuposa kwa niaba ya kaka yake leo hawezi kusimama kirahisi kusema hakujui. Lakini upande wa pili, wakili mwenye akili atakuuliza taratibu kabisa, "mahari iliisha?" Utasema hapana. "Kwaiyo mlikuwa mnajiandaa kuoana?" Ukijibu ndio, umeshajimaliza, maana anayejiandaa kuoa hajaoa. Sikufundishi kudanganya, jibu la kweli ni lile ulilonieleza mwenyewe kwenye barua: baada ya mahari ile ya kwanza mama yako alikusindikiza na vyombo, wazee wakawapa baraka, mkaenda kuishi, na kilichobaki kilikuwa deni la ukweni. Deni la mahari waume wengi tu wanalo mpaka wanazeeka. Lieleze hivyo kwa sababu ndivyo ilivyokuwa.

Na hapo hapo chagua hadithi yako. Ukisema tulifunga ndoa ya kimila, maana yake kulikuwa na tendo la ndoa, siku, mahali, mashahidi, na utatakiwa uyathibitishe hayo. Ukisema dhana ya ndoa, unasema hatukufunga rasmi ila tuliishi hivi na hivi. Mahakama Kuu mwaka 1986 iliweka mambo matatu kwa anayetegemea dhana: miaka miwili, sifa ya mke na mume, na kwamba hakukuwa na ndoa rasmi iliyofungwa. Nimeona watu wanaingia na zote mbili, asubuhi ndoa ya kimila mchana dhana, hakimu anaona ushahidi unajipinga na zote zinaanguka. Kwa ulivyonieleza, kwangu mimi dhana ndio njia yako.

Kuna jambo utaulizwa bora lisikushtue. Fomu ya kitambulisho cha NIDA ulijaza nini kwenye hali ya ndoa? Wanawake wengi wa hapa mjini wanajaza hajaolewa kwa sababu karani kasema kama huna cheti weka hajaolewa. Kama ndivyo, sema hivyo hivyo ulivyoambiwa. Kukana kitu kilichoandikwa kwa jina lako ndio kunaua, kitu chenyewe kina maelezo.

Haya, mke wa Njombe. Hapa ndio pagumu na sitakupaka mafuta.

Ndoa ya kanisani inachukuliwa kuwa ya mke mmoja, na mwanaume aliye kwenye ndoa ya mke mmoja hawezi kufunga nyingine mpaka hiyo ivunjike. Kuvunjika maana yake kifo au amri ya mahakama, kila mtu kushika njia yake hata kwa miaka kumi na tano sio talaka. Kwaiyo kama kweli alifunga kanisani, na mama huyo yuko hai, na hawakupeana talaka mahakamani, dhana yako inavunjika hata ungeishi naye miaka thelathini, kwa sababu hakuwa na uwezo wa kukuoa. Ingekuwa ndoa ya kiislamu au ya kimila ungekuwa na pumzi, hizo sheria inazichukulia ni za wake wengi mpaka ithibitishwe vingine.

Lakini soma tena swali lako. Nani athibitishe ndoa ya Njombe? Wao! Kanuni ile ile iliyokubana wewe mwanzo sasa inawageukia, anayesema kulikuwa na ndoa ya kanisani naye ni mdai wa jambo hilo, na ndoa ya kanisani sio siri ya ukoo, ina cheti, ina daftari la kanisa, ina mashahidi waliosaini, ina mchungaji au padri, na kumbukumbu zake zinatakiwa kufika RITA ambako unaweza kuomba upekuzi. Hawawezi kukudai wewe cheti alafu wao walete "alishaoa huko nyumbani, kila mtu anajua". Wakileta maneno matupu, mwambie hakimu ni maneno matupu.

Na kuna kitu sijui kama umekiona. Muhtasari wao wa ukoo, ambao wameusaini na kuupeleka mahakamani, unasema marehemu hakuacha mke. Hakuacha mke. Alafu wanataka kukuangusha kwa kusema alikuwa na mke Njombe. Vyote viwili haviwezi kuwa kweli. Kama mke wa Njombe yupo, muhtasari ni wa uongo na wamemficha mjane wa kanisani, na mtu aliyemficha mrithi anafaaje kuwa msimamizi? Kama hayupo, basi hakuna kinachovunja dhana yako. Huo muhtasari chukua nakala yake mahakamani haraka, ni haki yako kama mwenye maslahi, na kwenye maswali waulizwe hilo swali moja tu na usiwasaidie kujibu.

Ila fanya upekuzi wako kimya kimya kabla yao. Nisingependa ukasikie cheti kinasomwa kizimbani ndio mara yako ya kwanza.

Tuseme mabaya yametokea, cheti kipo, dhana imevunjika. Bado hujabaki mikono mitupu. Watoto hawaguswi na hayo, Sheria ya Mtoto ya 2009 inakataza mtoto kunyimwa kunufaika na mali ya mzazi wake, na ubaba unathibitishwa kwa jina kwenye cheti cha kuzaliwa, kwa baba kumtambua hadharani, kwa sherehe ya kimila, hata kwa DNA. Hao vyeti vyao vina jina la baba, shemeji zako hapo hawana hoja na wakileta ubishi wa DNA wewe usiogope. Alafu nyumba. Mirathi inagawa mali ya marehemu, haigawi mali yako. Umesema hati ya mauziano ya kiwanja ina jina lake peke yake, hiyo inakurudishia mzigo, maana mali ikiwa kwa jina la mmoja dhana ni kwamba ni yake mpaka ithibitishwe vinginevyo. Kwaiyo mkopo wa VICOBA ulionunua bati na saruji, risiti za hadwea, meseji za M-Pesa kwa fundi, fundi mwenyewe kama yupo hai, vyote vitoke kabatini. Mawakili watakutajia kesi ya Bi Hawa ya 1983, Mahakama ya Rufani ilipokubali kwamba kazi za nyumbani nazo ni mchango, ila ujue ile ilikuwa ya talaka, ukitegemea hiyo peke yake kwenye mirathi utapata shida. Saruji kwanza.

Jambo la mwisho ambalo ndugu wanakuchezea ni sheria ya kimila. Chini ya tamko la sheria za kimila la 1963 mjane mwenye watoto hana fungu lake, anatunzwa na watoto. Ndio maana wameiandika kwenye maombi. Lakini marehemu kuwa Mbena hakumaanishi mirathi yake ni ya Kibena, mahakama inaangalia maisha aliyoishi na nia yake. Mwaka 1969 Mahakama Kuu iliamua mirathi ya Mngoni aliyeishi maisha yake Dar na mkewe Mchaga, wakristo, ikakataa kutumia mila. Baba Neema kaishi Dar zaidi ya miaka ishirini, kasali kanisa la hapa, watoto Kibena hawajui hata salamu. Ikikubalika hivyo, sheria inayotumika ni ile ya zamani ya mirathi ya India ya 1865, ndio, mpaka leo tunaitumia, usinicheke, na humo mjane anapata theluthi moja na watoto theluthi mbili. Na mahakama ya mwanzo haina mamlaka kwenye mirathi ya sheria hiyo, yake ni ya kimila na kiislamu tu, kwaiyo pingamizi lako la kwanza kabisa liwe hilo la mamlaka na sheria inayotumika, kabla hujafika hata kwenye umke.

Wiki hii nenda mahakamani ukaweke pingamizi la maandishi kabla shemeji hajateuliwa. Kama keshateuliwa bado unaweza kuomba uteuzi utenguliwe, ila kumzuia mtu getini ni rahisi kuliko kumtoa sebuleni. Kama shauri liko kwenye Kituo Jumuishi cha Temeke, masuala yote ya familia na mirathi yako pale, mahakama za ngazi tofauti zipo eneo moja, haitakusumbua kuzunguka. Hela ya wakili kama huna nenda TAWLA au WLAC, wanasaidia wanawake kwenye kesi za namna hii, nenda asubuhi foleni zao ndefu.

Na lile daftari la mahari, piga kopi mbili, orijino iondoke kwa baba mkubwa leo iende pahali shemeji hapajui. Akija kukuomba "aliangalie tu kidogo", mpe kopi.